Kakakuona wa Shamba Letu

Ilianza Jumamosi, saa kumi na moja na nusu jioni, nilipokuwa nachimba mihogo shambani kwetu Busunzu. Karibu na kichuguu nikaona mnyama mwenye magamba anatembea kwa miguu ya nyuma, mwanawe kampanda mkiani. Kakakuona. Nililala kifudifudi palepale kwenye matuta, nikawasha simu ya mama, nikarekodi.

Mwalimu wetu wa baiolojia, mtu wa Tanga anayepiga picha za ndege, alishatuambia: usimsogelee mnyama, usimmulike, usimzibie njia, na picha ukishaipata usiseme umeipatia wapi. Nilifuata yote. Walipoingia shimoni mwao, chini ya kile kichuguu, nikaondoka.

Nyumbani nilimwonyesha mama peke yake. Akafurahi mno.

"Mwana wanje, mwanangu, huyu hatokei bure. Angeletwa awekewe unga, maji na panga, tuone ataendea kipi, tujue mwaka huu ni shibe, mvua au vita."

"Mama, ana mtoto. Akishikwa anajikunja tu, hali kitu. Watakufa."

"Haya, hatumshiki. Darasani huongei, kwangu unahutubia."

Kumbe nilipokwenda kunawa miguu alishaituma ile video kwenye kundi la kwaya, na maneno yake: "Mgeni shambani kwetu."

Ugali haujaiva, simu ikaita. Namba ngeni. Mama alikuwa anasonga, nikapokea mimi.

"Shikamoo."

"Marahaba, mwanangu. Huyo mnyama yuko upande gani? Mimi ni mtu wa picha tu." Aliongea kwa upole, na upole huo ndio ulionitisha. "Naona kama ni njia ya kwenda Murungu. Pale penye kichuguu, si ndiyo?"

Nikakata. Mama akaacha mwiko. Nilipomweleza hakucheka tena. Aliifuta video, akampigia mwalimu. Mwalimu akasema atamtafuta afisa wanyamapori, ila gari huenda lisifike kabla ya kesho. Kila pikipiki iliyopita njiani nilijua ni yule mtu, anakwenda kuwachimbua akauze magamba.

Asubuhi mama alikwenda ibadani mapema, kuwaomba wanakwaya wasizidi kuisambaza wala kutoa namba yetu. Mimi nikaenda shamba. Nilivunja tawi, nikafagia alama za kucha kutoka shimoni mpaka kwenye matuta, nikirudi kinyumenyume ili nifute na nyayo zangu. Kisha nikaenda kupalilia mwisho kabisa wa shamba.

Pikipiki ikasimama.

"Pole na kazi, mwanangu. Kichuguu kiko wapi?"

Ni sauti ileile.

"Vichuguu viko kila shamba huku, baba."

"Una mdomo wewe."

Akawasha sigara, akawa anaangalia huku na huku. Nilikipa kichuguu mgongo, nikaendelea kupalilia hata pale nilipokwisha kupalilia, kichwa chini, mpaka gari la wanyamapori lilipotokeza barabarani na yeye akaondoka bila kuaga.