Kansala Aliyechelewesha Maiti

Wewe, umeshaona maiti inachoka kungoja mpaka inaamka, inatembea yenyewe kwa kaburi? Mimi niliona, kwa tivii, hapa Koboko, nikacheka mpaka kitenge ikafunguka.

Hiyo ni kazi ya mjukuu yangu, msichana. Iko Arua, na wenzake wanafanya ile mchezo ya kuchekea wakubwa, kila Jumamosi. Siku hiyo alifunga mto kwa tumbo, akavaa koti, akakuwa kansala, diwani yetu kabisa: anavuta suruali juu, anakohoa kwa maiki, "Kabla hatujazika, niseme kidogo tu juu ya barabara."

Na hapana uongo. Kansala mwenyewe alifanya hivyo kwa matanga ya kaka yangu. Sisi Waislamu tunazika haraka. Maiti imeoshwa, jeneza iko tayari kwa kiwanja. Yeye akashika maiki. Barabara, stima, kura. Jua juu ya kaka yangu, na mimi nafukuza nzi na mkono. Siku hiyo nilimchukia huyu mutu, na mpaka leo sijaacha. Ni mimi nilimwelezea mjukuu, tukichagua kunde.

Jumatatu asubuhi kansala akaingia kwangu bila hodi.

"Mama, mtoto yako amenivua nguo mbele ya Uganda mzima!"

"Koti ingine hauna?"

"Usinichezee! Ile matanga ilikuwa ya kwenu, ni wewe ulimwambia. Piga simu sasa hivi. Aombe msamaha kwa tivii. Mkubwa ya kazi yake ni rafiki yangu, leo leo anamfukuza."

Hiyo kazi mtoto aliitafuta mpaka viatu vikaisha. Nikapiga, kansala amesimama juu ya kichwa yangu.

"Kansala iko hapa. Anasema uombe msamaha, ama kazi inaisha."

Mjukuu akaniuliza: "Habuba, na wewe unasemaje?" Habuba, ndiyo bibi kwa sisi Wanubi.

Nikamwangalia huyu mutu kwa macho. "Mimi nasema umesahau kitu. Huyu alipomaliza kuongea, aliomba soda. Maiti iko palepale. Akamaliza, akaomba ya pili."

Kansala akanyang'anya simu. Amechelewa, mtoto alikuwa anacheka tayari, mpaka mimi nasikia kule nimekaa.

"Habuba, nakuahidi! Wakinifukuza, wanifukuze Jumapili. Jumamosi hii soda zote mbili zinaingia."