Nahodha Aliyekwisha Kufa

Fundi kufuli alijua kufungua mlango wowote, ila mambo ya nyota yalimpita kando. Mpenzi wa hayo alikuwa mkewe. Kulikuwa na tamthilia ya runinga ya chombo kinachozurura angani. Ilianza watoto wao wakiwa wadogo, na mpaka leo haina dalili ya kwisha. Kila sikukuu ya mwisho wa mwaka hutolewa kipindi maalumu, kirefu kuliko vile vya kila wiki. Mke alikikodolea macho, mume akikoroma kitini. Asubuhi mke alikwenda kwa mdogo wake, mwanamke asiyeona, akamsimulia chote mpaka rangi za nguo.

Mwaka huu mke hayupo. Sikukuu ilipokaribia, shemeji akapiga simu.

"Shemeji, utaniangalizia?"

"Nitakuangalizia."

"Usije ukalala."

"Mimi si mtoto."

Akalala. Chombo hakijaondoka hata kituoni, usingizi ukamchukua. Alipozinduka palikuwa na matangazo ya sabuni.

Alikusudia kusema kweli. Lakini asubuhi alimkuta shemeji amevaa gauni lake la kutokea, chai iko mezani, viti viwili vimesogezwa karibu. Ulimi ukawa mzito, kisha ukawa mwepesi kupita kiasi.

"Nahodha alitua kwenye nchi ya barafu," akaanza. Hiyo aliikumbuka nusunusu. Mkewe aliwahi kumhadithia, naye akaitikia tu huku akichokonoa meno. "Yule mwenye mkono wa chuma. Akakutana na majitu."

"Majitu."

"Makubwa. Akayatwanga, akaokoa watoto, wakala sikukuu pamoja."

Shemeji akaweka kikombe chini taratibu. "Shemeji, huyo alikufa."

Fundi akavuta kikombe chake.

"Alikufa kwenye vile vya kila wiki, dada akiwa ameshalazwa na ugonjwa. Alimlilia siku nyingi. Usiniambie hukumwona."

Alimwona. Alimwona akifuta macho kwa upindo wa shuka, akadhani ni maumivu, akamletea dawa. Naye mkewe akaimeza bila neno. Hakumuuliza analia nini.

Fundi akakosa pa kuuweka uso wake, ingawa mbele yake hapakuwa na jicho la kumwona.

"Nililala," akasema.

"Najua. Dada alisema bila kukoroma kwako kipindi hakinogi." Hakucheka. "Lakini uongo, shemeji? Yeye hakunidanganya hata siku moja. Kikiwa kibaya, aliniambia ni kibaya."

"Nisamehe."

"Marudio ni leo mchana. Nishike mkono, twende."

Nyumbani kwake, fundi alimketisha kwenye kiti cha marehemu mkewe. Yeye alisimama, maana anajijua. Muziki ukaanza.

"Sema unachokiona."

"Mwanamke. Ana kovu shingoni. Ameshika usukani." Akakohoa. "Simjui."

"Ndiye nahodha sasa. Dada alimpenda kuliko wote, tangu akiwa mpishi wao. Hakukuambia?"

Fundi akasogea karibu na kioo cha runinga, aone vizuri.

"Labda aliniambia," akasema.