Jioni Tata Alipotembea Kinyumenyume

Vumbi likiungua juu ya taa ya projekta hutoa harufu yake, karibu na ile ya nywele zilizoguswa na moto. Wanafunzi wangu hawaijui. Filamu zao huishi ndani ya simu. Mimi ninayo projekta moja kuukuu pale chuoni, na kila ninapoiwasha, kabla picha haijafika kitambaani, uprofesa wote hunitoka. Huwa niko Kiganjo, miguu peku kwenye nyasi zenye umande, nimeshika pindo la leso ya mama.

Ilikuwa miaka michache baada ya uhuru. Gari la sinema lilikuja mara mojamoja, likaegeshwa kando ya maduka, na mwenyewe alikuwa Bwana Saidi wa Majengo, Nyeri mjini. Yeye dereva, yeye fundi wa mashine, yeye mkalimani. Filamu zilisema Kiingereza, naye akashika kipaza sauti kutugeuzia maneno kwa Kiswahili, na akiona tumeanza kupiga miayo alitia chumvi. Sisi watoto tulimwamini kuliko mhubiri. Mhubiri alituhadithia tu habari za mbinguni, Saidi alituonyesha simba.

Jioni ile hakukuwa na simba. Alileta filamu ya kilimo, iliyopigwa na Wazungu zamani za Hali ya Hatari, ya kufundisha watu kuchimba mitaro ili mvua isichukue udongo. Watoto tukanuna. Kitambaani walitokea wanawake wamejipanga mlimani na majembe, na Saidi akatafsiri kwa sauti yake tamu kwamba akina mama hawa wanafanya kazi kwa hiari, tena kwa furaha kubwa.

Nyuma yangu mtu alisonya. Nyanya mmoja akauliza, bila kupaza sauti, furaha hiyo ilikuwa ya nani. Sikujua wakati huo kwamba wengi wa wanawake waliokaa pale walikuwa wamechimba mitaro hiyohiyo kwa lazima, nyapara akiwa amesimama juu yao na fimbo. Nyumbani mambo hayo hayakuzungumzwa.

Ndipo msichana mmoja kitambaani akainua uso, akatutazama, akacheka.

"Gathoni," mama aliita.

Nikaitika. Gathoni ni mimi, na nilikuwa palepale miguuni pake. Lakini mama hakuniangalia.

Kwetu mtoto hupewa jina la mtu wa ukoo, na watu husema mtu huyo amerudi. Dada zangu wawili walichukua majina ya nyanya zetu. Mimi nikapewa la tata, mdogo wake mama, aliyekufa kwa homa kabla sijazaliwa. Hakuacha picha hata moja. Mara nyingi nilimkuta mama akinikodolea macho nikiosha vyombo, akitafuta kitu usoni pangu, kwa maana alikuwa ameanza kuusahau uso wa dada yake. Jambo hilo lilimtia hofu kuliko jambo lolote nililowahi kumwona akiliogopa.

Na sasa uso huo ulikuwa umepita kufumba na kufumbua, ukatoweka. Mama aliinuka, kivuli chake kikaziba picha, akaenda hadi kwenye mashine.

"Saidi, rudisha huyo," alisema. "Huyo ni dada yangu."

Saidi alimweleza kwamba filamu ilikuwa imezeeka, kwamba ikirudishwa ingeweza kukatika, na ikikatika mahali pale basi hangemwona tena. Mama akabaki amesimama palepale kando ya mashine. Hakuna aliyepiga mbinja kudai picha iendelee, na wewe uliyekulia kwenye sinema za aina ile unajua hilo si jambo dogo.

"Haya, mama," Saidi alisema mwishowe. "Lakini sauti nitazima. Hii ikienda nyuma inaongea kama mwenda wazimu. Na mwenye macho haambiwi tazama."

Udongo ukaruka kutoka ukingoni, ukarudi mtaroni. Jembe baada ya jembe, mitaro ikajaa, na mlima ukawa mzima kama ulivyoumbwa. Pale nyasini mwanamke mmoja akaanza kucheka, kisha wakacheka wote, wale waliouchimba kwa kutishwa na fimbo, wakacheka mpaka wakajifuta macho kwa leso. Kisha tata akaja akitembea kinyumenyume. Saidi akasimamisha, akageuza, naye akainua uso, akatutazama, akacheka tena. Nilikuwa nimesikia maisha yangu yote kwamba watu hurudi, nikidhani ni maneno tu ya wakubwa.

Saidi hakuiwasha sauti tena. Alimpa mama kipaza sauti.

"Hakuwa anacheka furaha," mama alisema, na sauti yake ikafika hadi barabarani. "Ni mimi nilimwambia ati suruali ya nyapara imeraruka huko nyuma."

Nilifikiri nyasi zenyewe zingecheka. Saidi akarudisha mara ya pili bila kuombwa. Alipotaka kurudisha tena, mama alimshika mkono.

"Wacha sasa apumzike," alisema. "Ametembea ya kutosha."

Baadaye nilisomea kazi ya filamu, nikapiga za kwangu: wavunaji wa ngano kule Timau, wauza viazi wa Ruring'u, wengi tu. Sijawahi kuweka sauti ya mgeni juu ya mtu mwenye mdomo wake, na wanafunzi huniuliza sababu. Mimi huwasha projekta, huzima sauti, nikawauliza wangempa nani kipaza sauti. Utotoni nilistaajabia mashine. Ilinichukua miaka mingi kuelewa kwamba mashine ilikuwa imehifadhi kicheko tu, na mama peke yake ndiye aliyekuwa na sababu yake. Na baada ya kumtafuta dada yake muda wote ule, ni yeye aliyesema wacha.

Mama alipokuwa mzee sana, macho yameingia ukungu, nilimpiga filamu mlangoni pa jikoni akichambua maharagwe. Sikumwambia kitu. Mara akainua uso, akaitazama kamera moja kwa moja, akacheka.

"Gathoni," aliita.

Sikujua anamwita nani kati yetu. Nikaitika.