Kupe Sifuri

Nikiri mapema ili tusipotezeane wakati: mimi, mtu mzima mwenye shahada mbili ukutani, ambaye hupata riziki yake kwa kuandika makala ya kuwasuta watu wanaotumia maneno wasiyoyajua, niliaibika mbele ya kijiji kizima kwa sababu ya neno moja la herufi nne ambalo nililijua vizuri mno. Ningelijua kidogo tu ningeuliza. Lakini mwenye hakika haulizi, anatenda, na mimi siku hiyo nilitenda.

Kisa chenyewe kinamhusu Chelangat, binti wa kaka yangu mkubwa. Amesomea kilimo, anafundisha katika chuo kimoja cha ufundi, na kwa muda wa miezi mingi alikuwa na jambo moja tu kichwani: kuteremsha maji ya chemchemi ya kule juu kwa bomba hadi kwenye boma zetu. (Sisi tuko upande wa Chepseon, majani chai juu ya kilima, mahindi na ng'ombe chini, na kiangazi kikikaza mtu hubeba maji kwa mgongo huku akiyasikia yakitiririka bondeni, jambo ambalo huweza kumtia mtu wazimu.) Njia fupi ya bomba ilipita katika shamba la Mzee Koskei, naye ilimbidi ang'oe mistari miwili ya majani ili mtaro upite. Anayewajua watu wetu anajua kwamba kumwambia mzee ang'oe majani ni kama kumwomba ang'oe meno yasiyouma. Mzee Koskei hakukataa. Alisema tu, "Nionyesheni kwanza," na mkutano ukapangwa Jumamosi katika ukumbi wa kanisa.

Sasa, badala ya kuchora ramani kama watu wa zamani, Chelangat alijenga kilima chetu chote ndani ya mchezo wa kompyuta, ule ambao dunia yake imeundwa kwa vipande vya mraba na mtu anaweza kujenga chochote, nyumba, mto, hata mlima. Alijenga kanisa, zizi la ng'ombe kumi na wawili, barabara, miche ya miti kando ya ua, na vichaka vilivyosimama badala ya majani chai. Chini kabisa akalima vishamba viwili vya ngano: kimoja kina mfereji wa maji katikati, kingine kikavu. Mchezo wenyewe una sheria kwamba kilicho karibu na maji huota upesi kuliko kilicho mbali, kwa hiyo mpango wake ulikuwa rahisi: watu wakae, watazame vishamba viwili ukutani kwa dakika chache, waone cha maji kikikomaa kwanza, halafu wapige kura.

Asubuhi ya Jumamosi aliniletea kompyuta nyumbani ichajiwe, akaenda kuchukua projekta kwa rafiki yake. "Baba mdogo, uiangalie tu," aliniambia. Nami nikaiangalia, ila macho yakazidi.

Juu ya kibodi alikuwa amebandika karatasi ya matayarisho, na mstari mmoja ulisema hivi: randomTickSpeed 60, si 3.

Ndugu zangu, someni hilo neno la katikati kama mtu aliyelelewa kwenye ng'ombe. Kwetu, ukisema tick, hakuna mtu anayefikiria kitu kingine ila kupe. Tumekua tukipeleka ng'ombe kwenye josho, tumebeba pampu ya dawa mgongoni, na mimi binafsi nilizika mtamba mzuri niliyemnunua huko Siongiroi, aliyekuja na kupe mmoja nyuma ya sikio na homa ya ndigana ndani ya damu. Kwa hiyo nilivyoelewa mimi, mwenye shahada mbili, ni kwamba mchezo huu una kupe wanaozuka ovyo, kwamba kwa kawaida kasi yao ni tatu, na kwamba mtoto wetu, kwa uchovu, ameipandisha hadi sitini. Sitini! Mbele ya wafugaji! Nikawaona wale ng'ombe kumi na wawili wakianguka mmoja mmoja ukutani, na Mzee Koskei akitikisa kichwa na kusema kwamba mtu asiyeweza kulinda ng'ombe wa kuchorwa ataweza vipi kuleta maji.

Amri za mchezo nilizijua kidogo, kwani nilikuwa nimekaa nyuma ya Chelangat nikimtazama akiandika. Unafungua ule mstari wa chini, unaanza na kijistari cha mshazari, unaandika amri. Nikaandika, polepole, kwa kidole kimoja: /gamerule randomTickSpeed 0. Mchezo ukanijibu kwa adabu kwamba umekubali, sifuri. Nikausimamisha kama nilivyoukuta, nikanywa chai yangu nikijisikia kama daktari wa mifugo aliyemaliza kazi kabla ya kiamshakinywa.

Aliporudi aliniuliza kama kila kitu kiko sawa.

"Nimekurekebishia kajambo," nikamwambia.

"Chaja?"

"Utaona," nikasema. (Nilitaka kuwa shujaa wa kimya kimya. Hao ndio wabaya zaidi.)

Ukumbi ulijaa. Nilikaa mstari wa mbele, mkono juu ya kiti cha jirani, kama mtu mwenye hisa. Chelangat alieleza vizuri sana, kwa sauti isiyotetemeka, akawaonyesha watu boma zao moja moja na watu wakacheka kuona nyumba zao ni za mraba. Kisha akasema, "Sasa muangalie hii shamba mbili. Moja iko na maji, moja haina. Mniambie nyinyi wenyewe gani inashika mbele."

Tukaangalia. Ikapita dakika moja. Ngano ilikuwa vijiti vya kijani, mahali pote pawili. Ikapita ya pili, ya tatu, ya tano. Ng'ombe walitembea zizini, wazima kabisa, hakuna hata mmoja anayejikuna, nami bado nikawa nawahesabu kwa fahari. Lakini ngano haikusogea hata nukta.

"Chelangat," akasema Mzee Koskei kutoka pale alipokaa, kofia juu ya goti, "hiyo yenye maji ndiyo gani?"

"Ya kushoto, mzee."

"Na ya kulia haina."

"Haina."

"Naona ziko sawa." Akawageukia wenzake. "Ama ni macho yangu?"

"Si macho," mama mmoja nyuma akajibu. "Ziko sawa kama mapacha."

Chelangat akainama juu ya kompyuta, akabonyeza hiki na kile, akachungulia nyaya. Nikaona masikio yake yakibadilika rangi. Akaomba radhi, akatoka nje kumpigia simu rafiki yake mwenye projekta, kwa sababu alidhani picha ndiyo imeganda. Na hapo, nikiwa peke yangu katikati ya minong'ono, wazo likanijia taratibu kama mtu anayepanda kilima: kitu kimoja tu kilibadilishwa asubuhi ya leo, na aliyekibadilisha nilikuwa mimi.

Ningesimama niseme. Hilo ndilo jambo ambalo mtu wa heshima angefanya, na naliandika hapa ili mjue kwamba nililifikiria. Badala yake niliinuka, nikakohoa, nikasema, "Niruhusuni kidogo," nikaketi mbele ya kompyuta ya watu. Hesabu yangu ilikuwa hivi: sikujua kupe wanahusiana vipi na ngano, lakini bila shaka wanahusiana, na kwa kuwa tumepoteza muda mwingi kwenye sifuri, sitini haitatosha kutufikisha. Nikaandika 6000.

Sijui nielezeje. Kufumba na kufumbua, vishamba vyote viwili vikawa vya dhahabu, chenye maji na kikavu kwa pamoja. Miche kando ya ua ikawa miti, yote kwa mara moja, ng'ombe wawili wakabaki wamebanwa katikati ya matawi wakiangalia upande wetu kama wanaotaka maelezo. Nyasi zikameza barabara. Mitambaazi ikaufunika ukuta wa kanisa hadi dirishani, na Mchungaji akasema kwa upole, "Sasa hiyo inafanana na kanisa yetu." Kisha kompyuta ikaanza kuhema, picha ikakatakata, ikakwama.

"Hata ile kavu imeiva," Mzee Koskei akasema. "Basi maji ni ya nini?"

Chelangat alikuwa amesimama mlangoni, simu bado sikioni. Akatembea hadi mbele, akaisoma ile mistari miwili ya amri zangu iliyobaki kwenye skrini, sifuri na elfu sita, kisha akanitazama. Hakuwa na hasira. Afadhali angekuwa nayo.

"Baba mdogo. Nani aliweka sifuri?"

Nikasimama.

"Ni mimi."

"Kwa nini?"

"Nilidhani ni kupe."

Hakuelewa. Akaniuliza tena, nami ikabidi nirudie kwa sauti ambayo hata mstari wa nyuma uliisikia: kwamba niliona tick, nikaona sitini, nikawahurumia ng'ombe, nikawaondolea kupe wote.

Kicheko kilianzia kwa akina mama, kikapita kwa vijana, kikafika kwa Mchungaji, aliyejificha nyuma ya kitabu cha nyimbo. Mzee Koskei peke yake hakucheka. Alingoja kitulie, akaniambia, "Profesa, hiyo sifuri ulipuliza na pampu ya nani?" Kikaanza upya.

"Tick ni mpigo wa saa," Chelangat alinieleza, taratibu, kama anavyowaeleza wanafunzi wake. "Kila mpigo, mchezo unachagua mahali pa kukuza kitu. Ukiweka tatu, inaota pole pole. Nikaweka sitini ndio watu wasikae hapa mpaka jioni. Wewe ulisimamisha mimea yote."

Kwa bahati nzuri alikuwa na nakala ya mchezo ya siku iliyotangulia. Akaifungua, akapanda ngano upya, akaweka sitini, nami nikaamriwa nikae kiti cha nyuma mikono ikionekana. Safari hii mambo yakaenda kama alivyopanga: cha maji kikatangulia, kikavu kikabaki nyuma, wazi kabisa, hata kipofu angeambiwa akaamini. Watu wakapiga makofi. Chelangat akamgeukia Mzee Koskei.

Mzee alikaa akizungusha kofia. "Nimeona," akasema. "Lakini nimeona pia mtu akiandika neno moja, shamba ikalala. Akaandika ingine, shamba ikaruka. Sasa nitajuaje hii ya mwisho ndiyo ya ukweli? Mtoto, sisemi wewe ni mwongo. Nasema majani yangu nikiing'oa, hakuna mahali pa kuandika irudi."

Alikuwa na haki, na haki hiyo nilikuwa nimemkabidhi mimi. Nilimwona Chelangat akianza kukunja nyaya, moja moja, kwa uangalifu wa mtu anayejizuia. Miezi yote ile ilikuwa inakunjwa pamoja nazo. Nikasimama mara ya tatu siku hiyo, na watu wengine wakaanza kucheka kabla sijafungua mdomo.

"Bomba lipite kwangu," nikasema.

"Kwako ni kuzunguka," Chelangat akajibu bila kuinua kichwa. "Ni mistari minne, si miwili."

"Najua kuhesabu."

"Asubuhi hukujua."

"Minne basi."

Kura ilipigwa dakika hiyo hiyo, ikapita, na nadhani nusu ya watu waliinua mikono ili tu waniadhibu.

Jumatatu nikaanza kung'oa. Majani hayo yalipandwa na mama yangu, na shina la chai lenye umri wa mtu halitoki kwa jembe moja. Unachimba pande zote, unakata mizizi kwa shoka, unalivuta, linakukatalia, unapumzika, unalivuta tena. Siku ya kwanza niling'oa mashina tisa na viganja vikatoka malengelenge. Chelangat alikuja kupima mtaro kwa kamba, akazungumza nami kuhusu kamba tu.

Siku ya tatu Mzee Koskei alitokea na shoka lake begani. Akasimama juu ya shimo akaniangalia nikihangaika, muda mrefu kidogo kuliko ilivyohitajika.

"Chamgei," akanisalimu.

"Chamgei mising."

"Unakata mzizi vibaya. Sogea." Akashuka, akakata mara mbili, shina likalegea. "Ile kompyuta bado siiamini," akasema. "Lakini mtu hang'oi majani ya mama yake kwa mchezo." Akaniashiria kwa shoka upande wa shamba lake. "Mwambie mtoto mtaro upite kwangu kama alivyochora. Wewe acha hapo ulipofika, kabla hujamaliza shamba."

Kwa hiyo nina pengo la mashina ishirini na moja katikati ya majani yangu ambalo haliendi popote, wala hakuna bomba ndani yake. Wapita njia huuliza ni la nini, nami huwaambia. Na nimeapa, mbele ya Chelangat na Mchungaji, kwamba kitu cha mtu mwingine sitakigusa tena kabla ya kumuuliza maana yake, hasa nikiwa na hakika.