Bao Alilolazimika Kuachia

Kaka yangu alikaa golini miaka kumi na minne kwenye ligi kuu, na mashabiki walimwita Sumaku. Lakini watu wana kumbukumbu za ajabu. Walisahau michomo yote aliyopangua, wakashikilia bao moja la fainali: mpira mwepesi kama wa mazoezi, ukampita tobo, katikati ya miguu. Kesho yake mtaa mzima ulishaamua kwamba kauza mechi. Mimi niligombana na wenye maduka wawili na jirani mmoja, na sijuti. Aliyemuumiza hasa ni baba. Baba ni fundi cherehani, na siku ya fainali alikaa pembeni kabisa mwa goli lile. Hakumtuhumu. Aliacha tu kwenda uwanjani, na kaka akija kumsalimia, wanazungumzia hali ya hewa. Miaka tisa, hali ya hewa!

Kaka alipostaafu akaingia kwenye tamthilia za televisheni. Alianza kama mlinzi wa benki asiyesema neno, akapanda cheo akawa dereva, ambaye angalau huitikia "ndiyo bosi". Ndipo wakampa nafasi ya kipa. Kazi yake ilikuwa kufungwa na nyota wa tamthilia, kijana mwenye sura nzuri na mguu usiojua mpira.

Akadaka. Wakarudia, akadaka tena. Mara ya sita mwongozaji akatupa kofia chini.

"Mzee wangu, tunakuomba ufungwe!"

"Samahani, mwanangu. Mikono hainisikii."

"Basi ongea nayo. Ukidaka tena, naita mtu mwingine."

Wakati wa mapumziko kaka alinipigia simu.

"Mdogo wangu, nikiachia, baba ataona. Atasema, kumbe ndivyo alivyofanya siku ile."

Nikamwambia hiyo ni kazi, aifanye. Nilisema kirahisi, ila moyoni niliogopa kama yeye.

Mara ya saba mpira ukaingia.

Jumapili tamthilia ilipoonyeshwa tulikuwa watatu chumbani kwa baba, katikati ya vipande vya vitambaa. Nyota akapiga. Kaka akafumba macho, akageuza shingo kama mtoto anayesubiri sindano, kisha akaangukia upande mwingine, tena kwa kuchelewa. Ilikuwa aibu tupu. Mimi nikacheka. Baba hakucheka.

"Umefumba macho," alisema.

"Ndiyo, baba. Nisingefumba, ningeudaka."

Baba akavua miwani, akaifuta kwa muda mrefu kuliko ilivyohitaji.

"Siku ya fainali hukufumba. Ulikuwa umeyatoa macho, unahangaika kuugeukia mpira mpaka ukaingia wavuni. Nilikuwa hatua tatu kutoka kwako."

"Ndiyo, baba."

"Niliona mwenyewe, mwanangu. Niliona, halafu nikaenda kuwasikiliza watu."

"Miaka tisa, baba," kaka akasema.

"Miaka tisa," baba akakubali, akamshika mkono.