Mchicha wa Malai

Nzega walikuwa na msemo kuhusu watu wa aina ya Tekla Nyamizi: kazaliwa zizini. Baba yake, Mzee Limbu, alikuwa na ng'ombe wengi hata watoto wake wakajifunza kutembea kwa kushika mikia ya ndama. Maziwa kwao yalinywewa mabichi, yaligandishwa, yalisukwasukwa kibuyuni mpaka yakatoa siagi. Na mama yake alipopika mboga ya majani, hakuipakua kabla ya kuimiminia malai, ule utando mzito unaoganda juu ya maziwa yaliyochemshwa yakapoa.

Alipoolewa na Raymundi, fundi wa reli, akahamia Tabora mjini, mtaa wa Gongoni, nyumbani kwa mavyaa yake, yaani mama mzazi wa Raymundi. Mama Apolinaria alikuwa mzaliwa wa Bagamoyo. Baba yake alikuwa Mnyamwezi mpagazi, aliyeshuka pwani na pembe begani enzi za misafara, akaoa hukohuko, kisha akarudi kwao kwa miguu na mke na kichanga mgongoni. Kichanga kile ndicho kilichokuja kuwa Mama Apolinaria. Hakuikumbuka bahari hata kidogo, lakini upishi wa pwani aliurithi kwa mama yake, na kwake chungu kisicho na tui hakikuwa chungu.

Siku ya kwanza alipomwona Tekla akisogeza kibuyu cha maziwa karibu na jiko, alimshika mkono taratibu.

"Mboga si ndama, mwanangu," alisema. "Haihitaji kunyonyeshwa."

Tekla alicheka, maana neno lenyewe lilichekesha. Akaweka kibuyu pembeni. Tangu hapo, yeye aliyekua akikamua ng'ombe akawa mtu wa kukaa juu ya mbuzi ya kukunia nazi, mbuzi pekee katika nyumba ile, asiyelia wala kula majani. Hakununa. Mavyaa yake alimpenda, alimsukia nywele kila Jumamosi, na hakuwahi kumsema mbele ya watu. Ila kila mvua ziliponyesha, na mchicha ukachipua nyuma ya nyumba majani yakiwa mapana kama kiganja, ulimi wa Tekla ulikumbuka kwao.

Masika ya mwaka wa pili yalikuwa makali. Jumatatu ya Pasaka walikuwa wanakuja wageni kumposa Imakulata, binti wa mwisho wa Mama Apolinaria. Mposaji alikuwa Justus, kijana mpole wa mtaa wa Mtendeni, wala hakumtia mtu wasiwasi. Wasiwasi ulikuwa kwa mjomba wake, Mzee Ngollo, aliyekuwa kiongozi wa ujumbe. Mzee huyo alikuwa na sifa moja mjini: akila kwako, wiki nzima Tabora itajua ulipika nini na ulikosea wapi.

Asubuhi hiyo Mama Apolinaria alirudi sokoni na kikapu kitupu. Akaketi kwenye kigoda bila hata kuvua mtandio.

"Garimoshi halijafika," alisema. "Reli imechukuliwa na maji huko mashariki. Hakuna nazi sokoni, hata ile mbovu."

"Kuku yupo, mama. Mchele upo," alisema Tekla.

"Na mboga? Niwape wakwe mchicha wa maji, Ngollo apate la kuimba mpaka Kwaresima nyingine?"

Tekla alifuta mikono kwenye kanga. "Mama, mchicha niachie mimi."

"Utaufanyaje?"

"Nitaupika kama kwetu."

Mama Apolinaria alivua mtandio. Kisha akainuka, akachukua kisu cha kuchinjia. "Mungu atusaidie," alisema, akatoka kumtafuta kuku.

Tekla alikwenda kwa jirani yao Masele, Msukuma aliyefuga ng'ombe, akarudi na maziwa kibuyu tele. Aliyachemsha, akayaacha yapoe kwenye sufuria pana, akaenda kuchuma mchicha. Aliuosha mpaka maji yakawa hayana mchanga, akaukata mwembamba, akautokosa kwa maji yake wenyewe, akaukamua. Akakaanga vitunguu kwenye samli mpaka vikalainika. Nyanya hakugusa, maana uchachu wake huyakata maziwa. Akatia mchicha, akatia chumvi ya Uvinza, akageuza. Mwisho akavuta kuni, moto ukabaki makaa tu, ndipo akamimina malai aliyoyaengua, akikoroga polepole kama anayembembeleza mtoto. Mchicha ukajishika, ukang'aa, ukawa laini kuliko alivyokumbuka. Alionja kidogo, akajikuta anatabasamu peke yake jikoni.

Wageni walifika baada ya misa. "Tumsifu Yesu Kristu," "Milele amina," shikamoo na marahaba, wakakaribishwa mkekani. Chakula kikaletwa. Mzee Ngollo alianza na kuku, akahamia kwenye mchicha, na kuku akamsahau. Akajipakulia tena. Akajipakulia mara ya tatu, kisha akafuta midomo.

"Mama Raymundi," alisema, "mji mzima unalia hakuna nazi. Hizi zako ulizificha wapi?"

Watu walicheka. Tekla alikuwa mlangoni na birika la kunawia, akaganda. Mama Apolinaria hakuwa ameonja bado. Akachota kidogo, akatafuna kwa makini, macho ameyafumba nusu, kisha akachota tena, safari hii kwa wingi.

"Hakuna nazi humu, Mzee Ngollo," alisema. "Ni malai. Kapika mkwe wangu Tekla. Ndivyo wapikavyo kwao Nzega, na tangu leo ndivyo tupikavyo Gongoni."

"Basi mambo yamekwisha," alisema mzee. "Justus ataoa hapa, mradi bibi arusi apewe somo la chungu hiki kwanza."

Nyuma ya pazia Imakulata alisikika akijizuia kucheka, na Raymundi akamtazama mkewe kwa namna iliyomfanya Tekla aharakishe kumimina maji.

Kiangazi kilipoingia na arusi ikapita, Mama Apolinaria alitangaza kwamba anataka kuwaona ng'ombe hao wa Mzee Limbu. Wakapanda lori, mkwe na mavyaa, vumbi likawafuata mpaka Nzega. Alfajiri Tekla alimkalisha kando ya ng'ombe mweupe, akamwonyesha pa kushika. Mama Apolinaria alivuta, ikatoka hewa. Akavuta tena, maziwa yakamrukia usoni. Ng'ombe akageuza shingo, akamwangalia mgeni huyu mwenye rozari shingoni.

"Ananishangaa," alisema Mama Apolinaria huku akijifuta.

"Anakusalimu, mama. Mwitikie."

"Marahaba," alimwambia ng'ombe, na wote wawili wakacheka hadi mama yake Tekla akatoka ndani kuuliza kuna nini.