Siku Tulipomvua Sultani Kofia

Kwetu, upande wa Pangi, sultani hafi siku anayokata roho. Anakufa siku anayovuliwa kofia. Nilimwona mwenyewe sultani wa zamani, baba wa huyu ninayetaka kuandika habari zake, amelazwa siku mbili juu ya kitanda cha mianzi, nzi wamemjaa, na hakuna mwanamke aliyethubutu kulia. Asubuhi walimsalimia, wakamwekea tumbako. Siku ya tatu mjomba wangu, ambaye kazi hiyo ilikuwa ya ukoo wake, aliinama, akaishika ile kofia ya ngozi ya chui kwa mikono miwili, akaivuta polepole. Hapo ndipo kilio kilipoanza, kwa mara moja, kama mvua yetu inavyoanza, bila manyunyu.

Ninaeleza hili mwanzoni kwa sababu mengine yote yametoka hapo, na kwa sababu mtu tuliyemwita Ndugu hakulijua. Au alilijua. Nimeandika "hakulijua" na mkono umesita. Nitaliacha neno lilivyo, lakini anayesoma asilishike bado.

Mimi nilikuwa fundi wa cherehani barazani Kasuku, mtaa wa mji wa Kindu. Nilisoma madarasa matatu kwa mapadri, kisha baba akafa. Tangu hapo nina daftari ninaloandika kila Jumapili, si kwa sababu nina maneno mengi, ila kwa sababu nasahau, na nikisahau naanza kujipendelea.

Ndugu alikuwa fundi wa mashini kwenye garaji ya reli. Kwao ni Lokandu, kwa wavuvi, na msitu wetu alikuwa hajaukanyaga. Jina alikuwa nalo, lakini alikataa kuitwa bwana, akataka kila mtu amwite ndugu tu, basi tukamwita hivyo. Jioni, nyuma ya marundo ya kuni za gari la moshi, aliwaambia watu kwamba hakuna aliyezaliwa akiwa juu ya mwenzake, wala mzungu wala sultani. Alisema bila kupaza sauti. Ilikuwa miaka ya vita ya wazungu, na Leta, ndiyo serikali ya Wabelgiji, ilitaka mpira tena kama enzi za babu zetu. Leta haikuingia msituni kuutafuta. Ilimwambia sultani, na sultani aliwaambia askari wake.

Kaka yangu alichapwa fimbo na askari hao kwa sababu alileta kikapu nusu. Kidonda kikaharibika. Alikufa njiani akiletwa kwangu, na mimi nilikuwa nimeshamtandikia kitanda.

Lakini lazima niseme na upande wa pili. Sultani huyo alilisha wajane wa mji wake, na nilisikia kwa watu wasiompenda kwamba alikwenda mara mbili kwa bwana administrateri, mzungu mkuu wa wilaya, kuomba kazi ya mpira ipunguzwe. Mara ya pili alipigwa kofi mbele ya wake zake. Alivaa medali ya Leta kifuani na kofia ya baba zake kichwani, na sidhani kama alilala vizuri chini ya vitu viwili vile.

Jumapili moja Ndugu alikuja kuchukua shati lake, nililomwekea mfuko mdogo wa penseli. Daftari langu la siku ile lina mstari mmoja: "Nimeshona kola tatu. Ndugu ameuliza juu ya kofia."

Aliuliza hivi: "Fundi, ile kofia ya sultani wenu, muntu akiitoa, inakuwa namna gani?"

"Akiitoa, sultani si sultani tena."

"Anabakia nini?"

Hapo nililowesha uzi mdomoni. Mtu mwenye uzi mdomoni hajibu, na hakuna anayemlaumu. Niliusokota, nikautafutia tundu la sindano, na Ndugu akajijibu mwenyewe.

"Muntu," alisema. "Anabakia muntu." Akacheka, akapiga kofi ubao wa cherehani yangu, kama fundi aliyepata mahali ambapo bomba linavuja.

Sikumsahihisha. Nimejaribu miaka hii kuandika kwa nini. Pengine niliona hainihusu. Pengine nilidhani ni maneno ya barazani tu, hatakwenda popote. Na pengine nilimkumbuka kaka. Nataka kuwa mwadilifu kwangu pia, lakini kila nikifika kwenye sababu hii ya mwisho ninaona zile mbili za kwanza zimekuja kuisindikiza.

Majuma machache baadaye tulivuka mto kwa mitumbwi, watu wa reli na watu wa kwetu waliofanya kazi mjini, tukatembea siku tatu. Nilikwenda. Sikuvutwa na mtu. Njiani Ndugu alitusimamisha kwenye kivuko cha mto mdogo, akatuambia neno ambalo nililisikia kwa masikio yangu: "Hatuendi kuua muntu. Tunaenda kutoa mufalme, muntu abakie." Wenzetu wa mjini waliitika. Watu wa kwetu walitazama maji.

Tulifika asubuhi. Sultani alikuwa ameketi uani kwenye kiti chake, wake zake nyuma yake, watu wa nyumba yake wamesimama na mikuki. Walikuwa wengi kuliko sisi, na kama wangetaka kupigana nadhani nisingekuwa na la kuandika. Ndugu hakushika silaha. Alisoma mashtaka kwenye karatasi: mpira, fimbo, vijana waliopelekwa kazini kwa nguvu. Alipotaja waliokufa alimtaja na kaka yangu, ingawa mimi sikumwomba.

Sultani alisikiliza mpaka mwisho. Akajibu kwamba yote ni kweli, ila waulize pia ni nani angekaa kwenye kiti kile kama yeye angekataa, na mpira wa huyo ungekuwa mwepesi kiasi gani. Ndugu alisema hilo ni neno la haki. Nililisikia. Kisha akapanda hatua mbili, akanyoosha mkono mmoja, mkono wa kulia tu, akaivua kofia.

Halafu mke mkubwa akaweka mikono kichwani, akalia, na wanawake wote wakapokea. Kilio kilipita nyumba hadi nyumba, mpaka mashambani. Ndugu alitabasamu kidogo. Alituambia tuwaache, wanaulilia ufalme, watanyamaza. Mimi nilitazama wanaume wa nyumba ya sultani. Walikuwa wanalaza mikuki chini, mmoja baada ya mwingine, kwa adabu, kama inavyofanywa mbele ya maiti. Hawakuwa na mtu wa kumlinda tena.

Sultani alivua viatu vyake mwenyewe. Akashuka kitini, akaketi chini kwenye vumbi. Upara wake ulikuwa na alama ya ukingo wa kofia, na sikupenda kuuona. Akanitambua katikati ya watu, kwa kuwa anaujua ukoo wetu.

"Weye mutoto wa huku," aliniambia. "Huyu muntu wa muto anajua kile amefanya?"

Ndugu alikuwa nyuma yetu, anaikunja kofia ndani ya kitambaa. Palikuwa na kilio kile, lakini ningeita angenisikia. Hatua tano. Nimezipima mara nyingi kichwani, wakati mwingine zinakuwa saba.

Nilitazama chini.

Mjomba wangu alisema, "Jua linapanda. Maiti haikai uani." Wakamwinua sultani, wanaume wa damu yake wenyewe, wala hakushindana nao. Wakampeleka nyuma, kwenye migomba. Sikuona kilichofanyika huko, kwa hiyo sikiandiki.

Ndugu alipogeuka, kiti kilikuwa kitupu. Aliuliza yuko wapi, akaambiwa. Aliuliza nani ameamuru. Mjomba wangu, mzee ambaye hajawahi kumdhihaki mtu, alimjibu, "Ni weye, baba. Si sisi wote tumeona?"

Uso wa Ndugu niliutazama vizuri. Nimesema nitaandika nilichoona. Kwanza ulikuwa uso wa mtu aliyekanyaga daraja bovu. Halafu watu wa reli wakaanza kushangilia, wakamnyanyua mabegani, na akiwa kule juu alisema kwa nguvu: "Njo vile! Njo vile wafalme wanaisha!" Ndivyo wanavyokwisha, alisema. Hakuna aliyemlazimisha. Kama ilikuwa hofu, au aibu, au ndicho alichokuwa anakitaka tangu Kindu, siwezi kukata shauri.

Nilirudi peke yangu kwa njia ya nyuma. Majirani wa Kasuku niliwaambia nimetoka kwenye kilio. Haikuwa uongo.

Halafu askari wa Leta walivuka mto na kamiyo, malori yao. Walichoma kijiji, pamoja na nyumba za wale wajane. Wanaume walifungwa kamba shingoni, wakaletwa mjini, mjomba wangu akiwa wa pili kwenye mstari. Alihukumiwa kupelekwa mbali, akafa huko, na mpaka leo hatujaonyeshwa kaburi. Naye Ndugu alikamatwa kwenye njia ya Lubutu. Kofia alikuwa nayo, ndani ya kitambaa kilekile.

Kwenye tribinali, ndiyo mahakama ya Leta, wazee wa kwetu waliulizwa kama kuvua kofia ni kuamuru kifo. Wakajibu kwamba hata mtoto anajua. Ndugu akasema yeye hakujua. Akasema kuna fundi wa nguo Kasuku, mtu wa kule, ambaye yeye Ndugu alimwuliza habari ya kofia kabla ya safari; aitwe. Hakusema kama fundi huyo alisafiri pamoja nao. Nilingoja aliseme. Hakulisema siku ile wala siku yoyote.

Niliitwa. Hakimu mzungu hakuwa mtu mkali. Aliagiza nipewe maji. Mkalimani aliniuliza nilimwambia nini mshtakiwa. Nikasema nilimwambia kwamba akiivua, sultani si sultani tena. Akauliza, na kwenu, sultani aliyevuliwa kofia ni nini? Nikasema, ni maiti. Penseli za wazungu zilikwenda zote pamoja kwenye karatasi. Kisha akauliza swali lililobaki: je, mshtakiwa alilijua hilo?

Ndugu alikuwa amevaa shati langu, mfuko wa penseli umechanika. Alinitazama bila kuomba.

Ningeweza kusema: mimi sikumwambia. Ningeulizwa kwa nini, na kaka yangu angetajwa, na ningeulizwa nilikuwa wapi juma lile. Kamba ilikuwepo ya kututosha wote.

"Sijui, bwana," nilisema.

Na kweli sikujua. Alitembea siku tatu na watu wa kwetu. Labda mmoja wao alimwambia. Siwezi kuingia kichwani mwa mtu. Ukiisoma ile karatasi ya tribinali hutakuta neno langu hata moja la uongo, na ndiyo maana siipendi.

Ndugu alisema, "Fundi amesema sawa," akaketi.

Siku ya kumnyonga tuliamriwa sote twende kutazama. Sikwenda. Nilibaki ndani nikipiga pedali, hakuna nguo chini ya sindano.

Mwaka uliofuata Leta ilimchagua sultani mpya. Alikuwa wa ukoo uleule, karani wa mjini, mtu wa kalamu na miwani. Kofia ilitoka kwenye sanduku la tribinali ikiwa bado na kijikaratasi cha namba kilichofungwa kwa uzi, na kwa kuwa kichwa chake kilikuwa kikubwa, aliileta kwangu niipanue. Ndiyo mara pekee niliyoishika siku zile. Ilikuwa nyepesi kuliko nilivyodhani. Ndani ilinuka mafuta ya kichwa cha mtu.

Aliivaa mbele ya kioo changu, akageuka huku na huku.

"Muntu anaweza kuitoa na mukono mumoja?"

"Anaweza, baba."

"Weka mukanda. Chini ya kidevu, kama wa asikari."

Nilimwambia kwa upole kwamba kofia hii haijawahi kuwa na mkanda, na siku ya mwisho itavuliwaje. Akasema, "Watakata." Akaendelea kujitazama. Halafu, bila kugeuka, akiniangalia ndani ya kioo, akauliza, "Ule muntu wa reli. Alijua?"

Sijui kwa nini ilikuwa yeye. Padri aliwahi kuniuliza, na mke wangu, na mjane wa Ndugu alipokuja kuchukua cherehani ndogo niliyompa. Wote niliwapa "sijui" yangu. Labda ni kwa sababu kofia ilikuwa inanitazama kutoka kiooni.

"Hakujua," nilisema. "Miye njo sikumuambia."

"Weye ulikuwa fasi gani siku ile?"

"Palepale uani."

Alivua miwani, akaipangusa na kipande cha kaniki mezani pangu. Hakukasirika. Aliuliza kazi ya kuvua kofia ilikuwa ya ukoo gani, nami nikamwambia ni ya mjomba wangu, na mjomba amekufa bila mtoto wa kiume.

"Basi ni yako," alisema. "Utahama. Utakaa pahali nitakuona."

Huku ndiko ninakoandikia. Cherehani yangu iko kando ya mlango wa nyumba yake, na amenijengea chumba kizuri, lazima niseme hivyo. Bado hajamwambia mtu nilichomwambia mbele ya kioo. Kila asubuhi wazee wanakuja kumsalimia, hawamtazami usoni, wanautazama mkanda. Akinywa maji unacheza kooni. Jana ameniita, akasema mshono wa upande wa kushoto umeanza kulegea, niukaze. Akainua kidevu, akafumba macho, na mkasi nilikuwa nao mkononi.

Niliukaza.